Kwa Elia, Leipzig

Moshi, Jumapili jioni

Kaka Elia,

Salamu nyingi. Huku hatujambo, ila vuli imechelewa na migomba imeanza kulegea.

Unasema Wajerumani unaosoma nao wamekuuliza kama bado tunawachukia kwa mambo ya ukoloni, nawe ukakosa la kujibu. Mimi ningewaambia waje Old Moshi Jumapili.

Leo nilisali huko. Kijana wa besi, hata ndevu hajaota, alikuwa na tarumbeta kubwa iliyobonyea ubavuni. Kila wimbo ukiisha anaigeuza, anamwaga mate, anaifuta kwa shati, kazi inaendelea. Nyimbo nyingi asili yake ni Ujerumani. Wamisionari wa hapo hapo Leipzig walifika Kilimanjaro mwaka 1893. Nani atamwambia yule kijana kuwa si zake? Babu yake alizikwa nazo.

Lakini huko huko Old Moshi ndiko Wajerumani walikomnyonga Mangi Meli, mtawala wa Wachagga wa hapo, tarehe 2 Machi 1900, pamoja na viongozi wengine. Kichwa chake kinaaminika kilipelekwa Ujerumani. Septemba 2023 watu wa makumbusho ya Berlin walitangaza kuwa vinasaba vya baadhi ya mafuvu waliyonayo vimelingana na vya watu walio hai huku kwetu. Cha Meli hakikuwemo. Novemba Rais Steinmeier wa Ujerumani akaja Songea, akaomba msamaha kwa yaliyotendeka kwenye vita vya Majimaji. Alisema vizuri, sina neno.

Ila wewe unatujua. Mtu wetu akifia Dar tunachanga, gari linapanda usiku kucha, asubuhi anazikwa kihambani kwake, kwenye shamba la ukoo. Hatuulizi gharama (tutagombana baadaye). Sasa waeleze wenzako hao kuwa kuna ukoo mzima unaongoja kuzika tangu wakati wa Kaiser. Mambo mengine tulishayamaliza wenyewe: kilele cha Kilimanjaro walichokipa jina la mfalme wao tukakiita Uhuru, basi. Hili la vichwa hatuwezi kulimaliza bila wao, maana makabati ni yao na funguo wanazo wao. Kwa hiyo wewe wajibu hivi: nyimbo tumezichukua, hatuzirudishi, watu wetu warudishwe.

Halafu nina ombi. Kile kipande cha kupulizia cha besi kimepasuka, wamekizungushia gundi. Ukipita dukani niulizie bei, kilichotumika pia kinafaa. Hela nitakutumia mwisho wa mwezi, kahawa ikilipwa.

Wako,
Ndesario