Wengine wa Nini?

Mpendwa Salma,

Barua yako nimeipata, na nimecheka sana kusikia kwamba wale watoto unaowafundisha chesi wameanza kukufunga. Umeniomba nikutajie wachezaji wa kuwasimulia, ukaongeza: "mabingwa wa dunia tu, wengine wa nini?" Shoga, hapo umenichokoza.

Mabingwa nakupa harakaharaka. Emanuel Lasker alilishika taji tangu 1894 hadi 1921, miaka 27, na hakuna aliyemfikia mpaka leo. Capablanca wa Kuba alikaa miaka minane, 1916 hadi 1924, bila kufungwa hata mchezo mmoja. Fischer alimvua Spassky ubingwa mjini Reykjavik mwaka 1972, kisha hakuutetea kabisa. Kasparov aliutwaa 1985 akiwa na miaka 22. Carlsen aliuchukua 2013 na akauachia mwenyewe 2023, hakunyang'anywa na mtu. Gukesh wa India aliupata 2024, miaka 18 tu. Wasimulie hao, sina ubishi.

Lakini ukitaka maisha ya mchezaji ambayo mimi hayanitoki kichwani, basi ni ya Viktor Korchnoi, ambaye hakuwahi kuwa bingwa wa dunia.

Alizaliwa Leningrad mwaka 1931, na utotoni akapitia ule mzingiro wa Wajerumani ulioua watu kwa njaa. Alikuja kuwa bingwa wa Umoja wa Kisovieti mara nne. Mwaka 1974 alikutana na kijana Anatoly Karpov kuamua nani atakayemkabili Fischer. Karpov alishinda michezo mitatu, Korchnoi miwili, na mingine yote 19 ilikuwa sare. Mwaka uliofuata Fischer akagoma kucheza, Karpov akavikwa taji bila kusogeza kete. Kwa hiyo kati ya Korchnoi na ubingwa palikuwa na mchezo mmoja tu, na hiyo ndiyo mara ya kwanza.

Mwaka 1976, baada ya mashindano ya Amsterdam, aliomba hifadhi na hakurudi kwao. Mkewe na mwanawe walibaki nyuma, na mwana akaja kufungwa jela kwa kukwepa jeshi. Ni katika hali hiyo ndipo alipokwenda Baguio, Ufilipino, mwaka 1978 kupambana na Karpov yule yule kuwania ubingwa wa dunia.

Pambano lile lilikuwa kichekesho na balaa kwa pamoja. Katika mchezo wa pili Karpov aliletewa mtindi akiwa ubaoni, na upande wa Korchnoi ukalalamika kwamba mtindi huo huenda ni ujumbe wa siri. Sikutanii! Kiti cha Korchnoi nacho kikapigwa eksirei. Karpov alikuwa na mwanasaikolojia aliyekaa ukumbini akimkodolea macho Korchnoi saa nzima nzima, na Korchnoi akajibu kwa kuvaa miwani ya vioo, anayemtazama ajione mwenyewe.

Kanuni ilikuwa kwamba atakayetangulia kushinda michezo sita ndiye bingwa, sare hazihesabiwi. Karpov akafika tano kwa mbili. Mwingine angefungasha virago. Korchnoi akashinda mchezo wa 28, akashinda wa 29, akashinda wa 31. Tano kwa tano, baada ya miezi kama mitatu ya kukabana koo. Wa 32 akafungwa.

Mwaka 1981 walirudiana Merano, Italia, na safari hiyo Karpov alimshinda bila taabu kubwa, sita kwa mbili. Hapo wengi huacha kusimulia, na mimi naona ndipo utamu unapoanza. Mzee, aliyekuwa ameshahamia Uswisi, aliendelea kucheza kana kwamba hakuna aliyemwambia kuhusu kustaafu. Januari 2011, kule Gibraltar, aliketi mbele ya Fabiano Caruana, kijana wa miaka 18 ambaye baadaye angecheza na Carlsen kuwania ubingwa wa dunia. Korchnoi alikuwa na miaka 79, na kete nyeusi. Akamfunga. Mwaka huo huo akawa bingwa wa Uswisi akiwa na miaka 80. Watafutie watoto mchezo huo wa Gibraltar, uwaonyeshe bila majina, wakisie mzee ni yupi.

Mwingine ni Mir Sultan Khan wa Punjab, mtumishi wa bwana mmoja mkubwa aliyempeleka London mwaka 1929. Alikuwa amelelewa kwenye sheria za Kihindi, zilizotofautiana kidogo na za Ulaya, lakini mwaka huo huo akawa bingwa wa Uingereza. Akarudia 1932 na 1933. Katikati hapo, kwenye mashindano ya Hastings, Uingereza, akamfunga Capablanca. Kisha bwana wake akarejea India, na yeye ikabidi arejee; mashindano makubwa yakaishia hapo. Alifariki 1966. Shirikisho la chesi la dunia, FIDE, lilimtunuku heshima ya ugranmasta, cheo cha juu kabisa cha wachezaji wa chesi, mwaka 2024, miaka 58 baada ya kifo chake. Heshima ya namna hiyo mimi hainisisimui sana.

Na wasichana wako wasikose Judit Polgár wa Hungaria. Alipata ugranmasta 1991 akiwa na miaka 15 na miezi minne, akaivunja rekodi ya Fischer. Ubingwa wa dunia wa wanawake hakuwahi hata kuugombea. Alitaka kucheza na yeyote aliye mbele yake, na akaingia kumi bora za dunia. Mwaka 1994, kule Linares, Hispania, Judit akiwa na miaka 17, alicheza na Kasparov; Kasparov alisogeza farasi, vidole vikamwachia, kisha akampeleka kwingine. Kanuni inasema kete ukishaiachia imetua. Kamera ilinasa, lakini Judit hakulalamika palepale na mchezo akapoteza. Mwaka 2002, Moscow, akamfunga Kasparov katika mchezo wa kasi. Hadithi hiyo wasimulie yote, usiwakatie katikati.

Nimalizie na David Bronstein, maana najua tutagombana. Mwaka 1951 alicheza na bingwa Mikhail Botvinnik michezo 24. Ilipobaki miwili alikuwa anaongoza kwa pointi moja. Wa 23 akafungwa, wa 24 ukawa sare: pointi 12 kwa 12. Kwa kanuni ya wakati ule, matokeo yakilingana bingwa anabaki na taji lake, na Botvinnik akabaki nalo. Mimi nasema mtu aliyeshindwa kukufunga hajakushinda, na wangeongezewa michezo mpaka mmoja aanguke. Wewe najua utamtetea bingwa, kwa hiyo niandikie sababu zako, tena zisiwe za "kanuni ni kanuni".

Wasalimie wote nyumbani.

Wako akupendaye,
Mwanaidi