Kile kitabu cha dispachi

Soweto, Mbeya

Mpendwa Atu,

Kamwene! Mmeamkaje huko Kihesa? Mama anaendeleaje na mguu? Sisi baridi imetukamata, watoto wanaoga siku wakitaka. Nimekaa kimya tangu Pasaka, nisamehe sana.

Nakuandikia kwa ajili ya Mwalimu. Najua Mama Neema alishakwambia kwamba amevuliwa ukuu wa kitivo, lakini hakukwambia yote. Barua ya kumwita kwenye kamati ya nidhamu imeandikwa tarehe 3. Yeye anasema aliipata tarehe 11 jioni, na kikao kilikuwa tarehe 12 saa tatu asubuhi. Taarifa iliyomtuhumu hakuwahi kuiona hadi leo. Alipoomba japo asomewe, aliambiwa ajibu kwanza. Na aliyeongoza kikao ndiye aliyeiandika hiyo taarifa. Atu, mshitaki na hakimu mtu mmoja! Siku ile jioni nilimkuta kibarazani kwake, barua ameikunja mara nne ndani ya mfuko wa shati. Tukiongea kidogo anaitoa, anaisoma, anairudisha. Chai ikapoa mbele yake.

Watu kitivoni wanabishana kama hela zililiwa au hazikuliwa. Mimi huko siendi, na wakili anasema Mahakama Kuu nayo haitakwenda huko. Kwenye mapitio, yaani mahakama inapokagua uamuzi wa chombo kama chuo, jaji haulizi kama Mwalimu alikosea, anaangalia walivyomhukumu. Katiba yetu, Ibara ya 13(6)(a), inampa mtu haki ya kusikilizwa kikamilifu, na mimi sioni utakavyosikilizwa juu ya karatasi ambayo hujaonyeshwa. Wakili alitutajia mkuu wa polisi wa Brighton, Uingereza, aliyefukuzwa mwaka 1958 bila hata kuitwa kujieleza. Mwaka 1963 mahakama yao ya juu kabisa ikasema kufukuzwa kule ni batili. Mwalimu aliposikia hivyo alinyanyua kichwa, mara ya kwanza siku hiyo.

Mwanzoni, kikao kilipokwisha, alitaka kwenda mahakamani moja kwa moja. Wakili akamzuia, maana mara nyingi mahakama humrudisha mtu akamalize kwanza ngazi za ndani. Akakata rufaa kwenye Baraza la chuo, wakamjibu mistari miwili. Sasa anatakiwa kuomba kibali cha Mahakama Kuu cha kufungua mapitio ndani ya miezi 6 tangu uamuzi, na akikipata ana siku 14 tu za kupeleka maombi yenyewe. Miezi minne imeshakwenda! Naye anasema amechoka, bora arudi Rungwe kwenye migomba yake. Hata akishinda chuo kinaweza kumwita upya, hilo analijua. Lakini wakimwita upya watampa taarifa mkononi na mwenyekiti atakuwa mwingine. Kwangu mimi hilo si dogo.

Narudi kwenye ile tarehe 11, maana ndiyo iliyonifanya nikuandikie. Wao watasema barua ilitoka tarehe 3. Wakati ule masjala ulikuwa wewe. Kwenye kitabu cha dispachi lazima kuna mstari wa barua ile na saini ya aliyeipokea. Wakili anahitaji kiapo chako, ueleze ulichokiona tu, usiongeze wala usipunguze. Unaweza kuapa hukohuko Iringa mbele ya kamishna wa viapo. Najua umeanza kazi mpya juzi tu na mkopo wa nyumba bado, ukiniambia huwezi sitakulaumu hata kidogo. Ila nikikumbuka alivyokulipia ada ule muhula baba alipofariki, na hakutaka tumwambie mtu...

Basi niambie: unakumbuka barua ile ilitoka masjala siku gani? Nani aliipeleka, yule kijana wa pikipiki au mzee wa getini? Kitabu kilibaki kabatini au walikichukua? Umeshaongea na shemeji kuhusu jambo hili? Nije Jumamosi tukae tulizungumze vizuri? Na Mama, nimletee parachichi au daktari bado amemkataza?

Nakungoja,
Rafiki yako Sekela