Kitabu cha Jumamosi
Habari za jioni, ndugu zangu. Safari hii tunasoma kitabu cha Mathias Mnyampala kuhusu historia, mila na desturi za Wagogo, kilichotoka mwaka 1954. Wengi tunamjua kwa ngonjera, yaani mashairi ya majibizano, kumbe aliandika pia maisha ya hapa hapa Ugogo, tena kwa Kiswahili. Nakala ni moja na imechoka, tafadhali msikunje kurasa. Ombi langu kubwa: kabla ya Jumamosi, kaa na bibi au babu umuulize tembe la kwao, ile nyumba ya paa bapa la udongo, lilijengwaje, ng'ombe walilala wapi, mahari ilihesabiwa vipi. Andika maneno yake ya Kigogo kama alivyoyatamka. Wazee wanatutoka, jamani. Tunakutana saa kumi jioni, pale pale chini ya mbuyu.