Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka: Daftari la Rangi

Ndugu wanachama, mafundi rangi na mafundi bodi wenzangu,

Mapato na matumizi atayasoma mweka hazina, na habari za mfuko wa kufa na kuzikana zimo kwenye karatasi mliyopewa mlangoni. Mimi muda wangu nautumia kwa jambo moja lililoishughulisha kamati mwaka huu: nafasi yetu mafundi katika ajali za kugonga na kukimbia.

Hali yenyewe mnaijua. Gari linaingia gereji alfajiri, taa ya kushoto imepasuka, boneti imebonyea, mwenyewe anataka liishe leoleo na bei haulizi. Fundi akishashika msasa, baada ya nusu saa ushahidi wote ni vumbi sakafuni. Kama kuna mtu aliyeachwa barabarani usiku ule, huenda hicho ndicho kitu pekee ambacho familia yake ingekishika mahakamani.

Kwa sababu hiyo tulimwalika mtaalamu wa maabara atufundishe. Alibandua kibanzi cha rangi kwenye mlango wa gari bovu, kidogo kuliko punje ya mchele, akakisimamisha ubavu chini ya hadubini, nasi tukapokezana kuangalia. Chini kabisa kulikuwa na kijivu, ile rangi ya kuzuia kutu ambayo kiwandani bodi huzamishwa ndani yake na kupitishiwa umeme. Juu yake praima, yaani rangi ya msingi, kisha rangi ya fedha yenye chembe za kumeta, kisha klia, ile rangi angavu ya juu kabisa. Tabaka hizo nne kwa pamoja huwa na unene wa takriban sehemu ya kumi ya milimita. Lakini kibanzi kile kiliendelea: puti ya kuziba mabonyeo, praima nyingine, nyeupe, klia tena. Waliokuwepo wanakumbuka ukimya uliotanda pale. Ile ilikuwa kazi ya mikono yetu, na ilisomeka yote.

Polisi wa Kifalme wa Kanada walianza miaka ya 1970 kukusanya rangi za magari, na kutoka hapo ikazaliwa kanzidata iitwayo PDQ, ambayo leo inatumiwa na maabara za nchi nyingi. Maabara inayoitumia hutakiwa kuchangia sampuli 60 kila mwaka. Ulaya nako wana mkusanyiko wao, EUCAP. Kila tabaka hupimwa kwa mwanga wa infraredi, usioonekana kwa macho, ili kujua kemia yake, kisha hulinganishwa na zilizohifadhiwa. Rangi za chini ndizo zinazosema mengi: nyeupe wanayo wote, lakini praima hutofautiana kiwanda kwa kiwanda. Jibu linalotoka ni orodha ya aina za magari na miaka yake. Kulipata gari lenyewe ni kazi nyingine.

Mwaka 1997, baada ya ajali iliyomuua Bintimfalme Diana wa Uingereza jijini Paris, Mercedes aliyokuwa amepanda ilikutwa na alama za rangi nyeupe ubavuni. Rangi hiyo, pamoja na vipande vya taa ya nyuma vilivyookotwa, viliwaelekeza wachunguzi kwenye Fiat Uno, na polisi wa Ufaransa wakakagua maelfu ya magari ya aina hiyo.

Sasa tuangalie kwetu. Magari mengi tunayoyahudumia yaliingia nchini yakiwa yametumika, na mengi yameshapita mikononi mwetu. Kanzidata hizo zinajua rangi za kiwandani. Kibanzi kikibanduka kuanzia kwenye puti, bila tabaka za kiwandani, katika kanzidata hizo hakuna kitakachopatikana. Hata hivyo, magari mawili yaliyotoka kiwandani siku moja yana tabaka zilezile, lakini lililopigwa nyeupe na fundi mmoja, kisha nyekundu na mwingine, linaweza kukosa pacha mji mzima. Kibanzi kutoka kwenye nguo ya marehemu kikilingana nalo tabaka kwa tabaka, huo ni ushahidi mzito. Na anayeijua nyekundu ile ni fundi aliyeichanganya.

Kwa hiyo kamati inapendekeza kila gereji iwe na daftari: tarehe, namba ya gari na ya chesisi, sehemu iliyopakwa, rangi iliyokuwepo, aina na namba ya rangi mpya. Kwa kuwa wengi wetu tunachanganya kwa macho, ile kadi tunayoipulizia kujaribu rangi isitupwe. Iandikwe namba ya gari nyuma na itunzwe. Kadi hizo zikikusanywa gereji zote, tutakuwa na kumbukumbu ambayo Kanada hawana.

Gari likija na dalili za kugonga mtu, lisioshwe wala kupigwa msasa. Polisi waitwe, sampuli wachukue wao: wembe mpya, kukata hadi kwenye bati karibu na palipoumia, kila sehemu kwenye karatasi yake iliyokunjwa. Gundi ya selotepu huvuruga vipimo, kwa hiyo tusiwape.

Wapo waliosema tutakimbiza wateja. Nimewasikiliza kwa heshima na sikubaliani nao. Mteja anayekimbia daftari alikuja gereji kujificha, na sioni kwa nini tumfiche sisi, ambao watoto wetu wanavuka barabara hizohizo kwenda shule.

Naomba mkutano upige kura ya daftari kabla hatujaingia kwenye uchaguzi wa kamati. Nakala za kurasa za mfano anazo katibu.