Risala ya Wanawake Wasaidizi wa Kisheria kwa Mgeni Rasmi, Siku ya Wanawake Duniani

Mheshimiwa Mkuu wa Wilaya, mgeni wetu rasmi;
Mheshimiwa Diwani;
Ndugu Mtendaji wa Kata, wenyeviti wa vijiji, viongozi wa dini na askari wetu wa dawati la jinsia;
Mabibi na mabwana, itifaki imezingatiwa.

Awali ya yote tunamshukuru Mwenyezi Mungu aliyetuamsha salama na kutuletea mgeni ambaye, mbali na wadhifa wake, ni mwanasheria kitaaluma. Wageni rasmi wengine wamewahi kusimama hapa ulipo, nao tuliwapokea kwa heshima hii hii. Ila leo ndiyo mara ya kwanza tunasoma risala mbele ya mtu asiyehitaji kuelezwa hati ya kiapo ni kitu gani. Karibu sana, mama yetu.

Mheshimiwa mgeni rasmi, mwaka huu tumeamua kuwaenzi wanawake waliotangulia katika sheria nchini mwetu. Bango unaloliona limeandikwa na wanafunzi wa sekondari yetu, na juu kabisa wameliweka jina la Mama Julie Manning. Kitivo cha sheria kilifunguliwa Dar es Salaam mwaka 1961, mwaka wa Uhuru, naye akawa Mtanzania wa kwanza mwanamke kusoma sheria pale. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 Mwalimu Nyerere alimteua kuwa Jaji wa Mahakama Kuu, mwanamke wa kwanza, na mwaka 1975 akawa Waziri wa Sheria. Anafuata Jaji Eusebia Munuo, mwanamke wa kwanza kuketi Mahakama ya Rufani. Wanasheria wanawake waliunda chama chao, TAWLA, mwaka 1989, na majaji na mahakimu wanawake wakaunda chao, TAWJA, mwaka 2000. Dkt. Asha-Rose Migiro alitoka kufundisha sheria pale Mlimani, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na mwaka 2007 akawa Naibu Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa. Mwaka 2021 Jaji Imani Aboud alichaguliwa kuwa Rais wa Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, Arusha. Kiti cha Jaji Mkuu wa Tanzania bado hakijakaliwa na mwanamke. Hilo tunawaachia wenye mamlaka ya uteuzi, nasi tunaendelea kusubiri.

Chini ya bango yako majina mawili ya wanawake ambao hawakuwa wanasheria. Tuliwaomba wanafunzi wasiyasahau, kwa sababu ndiyo tunayoyataja karibu kila wiki kazini. La kwanza ni la Bi Hawa Mohamed. Katika shauri lake dhidi ya Ally Sefu, mwaka 1983, Mahakama ya Rufani ilisema kwamba kazi za nyumbani ni mchango katika kupatikana kwa mali ya ndoa, kwa mujibu wa kifungu cha 114 cha Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, kinachohusu kugawana mali ndoa inapovunjika. Yeye mwenyewe hakuambulia mgao, kwa kuwa mahakama iliona mumewe alishampa mtaji naye akautumia vibaya. Lakini mwanamke anayepika, anayefua na anayelea, akiachwa leo, anasimama juu ya hukumu ile. La pili ni la Bi Holaria Pastory wa Kagera, aliyeuza shamba la ukoo alilorithi kwa baba yake, akashitakiwa na mtoto wa ndugu yake. Mwaka 1990 Mahakama Kuu kule Mwanza ikasema mwanamke ana haki ya kuuza kama alivyo nayo mwanamume. Tukimsomea mama habari hizi mbili, tunaona mabega yake yanashuka. Kumbe hayuko peke yake.

Mheshimiwa mgeni rasmi, kikundi chetu kilianza mwaka 2018, baada ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 kututambua rasmi wasaidizi wa kisheria. Tulianza wanawake saba. Leo tuko kumi na tisa. Mafanikio yetu ni makubwa. Tunafika vijiji vyote vya kata hii kwa miguu na kwa baiskeli mbili. Tumenunua viti ishirini vya plastiki, ambavyo baadhi yenu mmevikalia sasa hivi, na tunavikodisha kwenye misiba kwa bei nafuu ili mfuko usikauke. Tumewaandikia wazee wosia, tumewasindikiza wajane hadi baraza la ardhi la kata, na mtendaji ni shahidi wetu kwamba migogoro ya mirathi inayofika mezani kwake imepungua. Tangu mwaka 2021, Kiswahili kilipofanywa lugha ya mahakama kwa mujibu wa sheria, wenzetu wamepata ujasiri wa kuingia na kusikiliza mashauri, na mmoja wetu anajiandaa kurudia mtihani wa kidato cha nne ili siku moja asome sheria. Ana miaka thelathini na sita. Tunaomba apigiwe makofi.

Sasa tunaomba radhi, Mheshimiwa. Muda uliobaki tutautumia kwa jambo moja tu. Tulikuwa na orodha ndefu ya maombi, kamati ikaifuta yote na kubakiza hili.

Hatuna ofisi.

Kazi yetu tunaifanyia chini ya mwembe ulioupita ukiingia, ule ulio kando ya njia ya kisimani. Tangu asubuhi hadi jioni watu wanapita na ndoo. Wanatusalimia nasi tunaitikia, maana hatuwezi kuwanyima salamu majirani. Mwaka jana, mwezi wa saba, alikuja mama mmoja na mtoto mgongoni. Alikaa, akafungua kanga, akatoa kadi ya kliniki na karatasi ya polisi iliyokunjwa mara nne. Alipoanza tu kusema, akapita shemeji yake na baiskeli, akapunguza mwendo, akauliza kwa upole kabisa, "Shemeji, kwema?" Yule mama akaikunja tena ile karatasi. Akatuambia amekuja kuuliza cheti cha kuzaliwa cha mtoto kinapatikana wapi. Tukamweleza habari za cheti cha kuzaliwa, akashukuru, akaondoka. Hakurudi. Tulimfuata nyumbani mara mbili, na mara zote mbili tulimkuta shemeji amekaa barazani.

Mheshimiwa, wewe unajua kuliko sisi kwamba siri ya mteja ndiyo mwanzo wa kazi hii. Kifungu cha 114 tunacho, hukumu ya Bi Hawa tunayo imenakiliwa kwa mkono. Tusichokuwa nacho ni ukuta.

Na kumbukumbu hatuna pa kuziweka. Majalada yako ndani ya sanduku la bati, chini ya kitanda cha katibu wetu. Masika iliyopita maji yaliingia usiku. Asubuhi tulianika karatasi juu ya ukoka kama dagaa. Wosia wa bibi mmoja, ulioandikwa kwa wino wa bluu, ulibaki karatasi ya samawati isiyo na neno hata moja. Bibi alikuwa ameshafariki. Watoto wake wa kike wawili wametolewa shambani, nasi hatuna cha kuonyesha. Hili linatuuma kuliko yote.

Ombi hili si geni, Mheshimiwa, na tunalisema kwa unyenyekevu. Mgeni rasmi wa mwaka 2020 alituahidi mabati arobaini, tukapiga vigelegele. Mgeni rasmi wa mwaka 2022 alikuja na mtu wa kupima, kiwanja kikapimwa kwa futi mbele ya mkutano huu, na vigingi vikapigwa. Vigingi vile vipo hadi leo. Mbuzi wanafungwa hapo. Wa mwaka 2023 alitushauri tuandike barua. Tuliandika barua tatu, na nakala zote tatu tunazo zikiwa na muhuri wa "imepokelewa". Hatuna shaka wote walikuwa na nia njema na majukumu mengi. Tunaomba tu uelewe kwa nini leo wanachama wetu hawatapiga vigelegele mapema.

Nasi hatukukaa bure. Tumefyatua tofali 1,850 kwa mikono yetu, ziko nyuma ya zahanati, tumezifunika kwa nyasi. Mchanga tumeukusanya. Fundi ametupigia hesabu ya vyumba viwili, kimoja cha kusikilizia wateja na kimoja cha kumbukumbu: saruji, mbao, mabati, milango miwili yenye kufuli na kabati la chuma ni shilingi 6,400,000. Mchanganuo tumeuambatanisha.

Kama fedha hizo hazipo kwenye bajeti ya mwaka huu, tunalo ombi dogo zaidi. Nyuma ya ofisi ya kata kipo chumba kinachohifadhi meza mbovu. Kina mlango na dirisha moja, na hakielekei njiani. Tunaomba tukitumie siku mbili kwa wiki hadi jengo litakaposimama. Meza tutazihamisha wenyewe na zile zinazotengenezeka tutazitengeneza. Mtendaji wa Kata yuko hapa na Diwani yuko hapa, hivyo neno lako moja, likitamkwa leo na kuandikwa kwenye muhtasari, linatosha. Kwa ruhusa yako, katibu wetu ameketi na kalamu mkononi, na tutashukuru sana ukitutajia na tarehe.

Mheshimiwa mgeni rasmi, mwisho tunakukabidhi kanga hii na nakala ya risala, pamoja na nakala za barua zile tatu.

Tunaomba kuwasilisha.