Barua kwa mwanangu: ng'ambo ya nyota za mwisho

Mwanangu mpendwa,

Habari za bweni? Huku Busia tu wazima, mama yako anakusalimu.

Jumapili ulipopiga kwa simu ya matroni uliniuliza, "Baba, ng'ambo ya nyota za mwisho kuna nini?" Nikakujibu, "Mungu ndiye ajuaye," maana mteja alikuwa mlangoni na redio yake kwapani. Si jibu la uongo, ila nililitoa kwa haraka, na swali lako limenikaa moyoni wiki nzima.

Pale tunapoishia kuona hapana ukuta. Ulimwengu una miaka bilioni 13.8, na mwanga kutoka kwingine haujapata muda wa kutufikia. Kwa kuwa anga limekuwa likitanuka mwanga ukiwa njiani, sehemu za mbali kabisa tunazoziona sasa ziko miaka ya mwanga bilioni 46 hivi, kila upande; mwaka wa mwanga ni umbali ambao mwanga husafiri kwa mwaka mmoja.

Unaikumbuka ile televisheni ya chogo chini ya meza yangu ya kazi? Ukiiweka pasipo na stesheni, zinajaa chenga na mvumo. Sehemu ndogo ya chenga zile ni mwanga mkongwe kuliko wote, ulioanza safari ulimwengu ukiwa na miaka kama 380,000, na kutanuka huko kukaunyoosha hadi ukawa mawimbi ya redio. Mwaka 1964, kule Marekani, wanasayansi Arno Penzias na Robert Wilson waliunasa kwa antena yao wakadhani ni ubovu. Wakafukuza njiwa walioishi humo, wakasafisha kinyesi, mvumo ukabaki vilevile. Fundi yeyote anaijua hali hiyo: umebadilisha kila kitu, mlio uko palepale! Kabla mwanga huo haujaanza safari, ulimwengu ulikuwa kama ukungu wa moto, nuru haipenyi.

Na ng'ambo yake? Wanasayansi wengi wanaamini kuna galaksi zaidi, yaani makundi makubwa ya nyota, mfano wa hizi zetu, pengine bila mwisho. Hayo ni makisio, hakuna aliyeyaona. Setilaiti ya Planck, iliyorushwa kuupima mwanga ule mkongwe, ilipima anga isione likijipinda. Basi kama linajipinda, ni kubwa mno kuliko kipande chetu. Aliye kule pembezoni naye yuko katikati ya duara lake, na sisi ndio pembezoni kwake. Anaona ambako sisi hatutaona kamwe, maana kutanuka kunazidi kasi na mwanga wa huko hautafika. Hilo linanihuzunisha, sikufichi.

Televisheni sijaiuza. Ukija likizo tutaiwasha usiku, tukae nazo chenga hizo, uniulize tena. Mlango nitakuwa nimefunga.

Baba yako