Risala ya Klabu ya Filamu kwa Mgeni wa Heshima, Kilele cha Wiki ya Filamu za Tom Tykwer

Mheshimiwa mgeni wa heshima, mzee wa mtaa, wazazi, walimu, wanachama wenzetu, mabibi na mabwana, hamjambo!

Awali ya yote tunamshukuru Mungu, kisha tunakushukuru wewe kwa kukubali mwaliko wetu, na zaidi kwa kufika. Wapo waliokubali wasifike, lakini leo si siku ya kuwataja.

Mheshimiwa, klabu yetu ilianzia chini ya mti na sasa inakutana katika ukumbi huu, kila Jumamosi isiyo na harusi. Imelea waigizaji, wapiga picha na waandishi wa kutajika. Filamu yetu ya dakika nne, iliyopigwa kwa simu, imetazamwa hadi Doha, anakoishi binamu wa mweka hazina.

Wiki hii tumetazama kazi za Tom Tykwer, mwandishi na mwelekezi wa filamu aliyezaliwa Wuppertal, Ujerumani, mwaka 1965. Hatukumchagua kwa ukubwa wa filamu yake Cloud Atlas wala wa tamthilia ya televisheni Babylon Berlin. Mkono wake umefika hapa Nairobi. Yeye na mkewe, Marie Steinmann, ndio walioanzisha One Fine Day, mradi wa kulea vijana katika sanaa na filamu, na kupitia kazi hiyo tumepata Soul Boy ya Hawa Essuman, iliyopigwa Kibera. Tukapata Nairobi Half Life ya David Gitonga, filamu ya kwanza ya Kenya kupelekwa kuwania Oscar. Tukapata Kati Kati na Supa Modo.

Sasa Mheshimiwa, tunaomba hapa utusikilize vizuri. Tykwer huyo alipomaliza shule aliomba nafasi katika vyuo vya filamu vya Ulaya, vikamkataa. Akahamia Berlin, akawa mwendesha projekta, na shule yake ikawa hiyo. Mwaka 1987, akiwa na miaka 22, ndiye aliyechagua filamu za kuonyeshwa katika sinema ya Moviemento. Mwelekezi Rosa von Praunheim akamshauri atumie mambo ya maisha yake mwenyewe. Ugomvi wake na mpenzi wake ukazaa filamu fupi, Because, mwaka 1990. Iliyofuata, Epilog, ilimwachia madeni. (Hapo tu ndipo tulipomfikia.) Mwaka 1994 yeye na wenzake wakaanzisha kampuni ya X Filme, na mwaka 1998 Lola akatoka mbio.

Mheshimiwa, huyo Lola ndiye anayetuleta kwenye ombi letu. Katika filamu ya Tykwer Lola rennt, yaani Lola Anakimbia, binti huyo ana dakika 20 za kupata maki 100,000, fedha ya Ujerumani ya wakati huo, amwokoe mpenzi wake Manni, na kisa kinarudiwa mara tatu. Nywele zake ni nyekundu za kuwaka. Kwenye shuka letu, kwa mwanga unaopenya matundu ya mabati haya unayoyaona, zilikuwa rangi ya chai ya maziwa. Mara ya kwanza akafa Lola. Mara ya pili akafa Manni. Mara ya tatu projekta ya kuazima ikapata moto, ikazimika. Wengi wetu mwisho tumesimuliwa tu, na kila msimulizi ana wake.

Mgeni wetu wa mwaka juzi alituahidi projekta, akasema ni suala la wiki mbili. Wa mwaka jana alitukabidhi sanduku, tukapiga picha, tukaambiwa mashine yenyewe inafuata. Sanduku tunalitunza vizuri sana. Hatulaumu mtu, Mheshimiwa. Tunajua viongozi mna shughuli nyingi.

Tunaomba projekta moja, ikiwa ndani ya sanduku. Tunaomba mapazia mazito meusi. Na tunaomba ufunguo wa stoo iliyo nyuma ya ukumbi huu, ambamo mna viti vibovu na mabango ya kampeni za uchaguzi uliopita. Viti tutavitengeneza wenyewe. Wenye mabango wanajulikana. Hapo tutaonyesha filamu bila kungoja giza wala kupisha maharusi, na vijana wetu watajifunza kazi kama alivyojifunza yule aliyekataliwa vyuoni.

Mheshimiwa, hatukuombi utupe jibu la "tutaliangalia". Hilo tunalo la kutosha kwenye mafaili. Daftari la ahadi liko kwa katibu, meza ya mbele, na safu ya tarehe tumeichora kwa wino mwekundu. Tunakuomba uijaze kabla ya chai.

Ahsante.

Wako mtiifu, Katibu, kwa niaba ya Kamati.